Kuyajibu Maswali ya Watoto Katika Somo la Sayansi

Si jambo geni kwa mwanachuo arejeaye kutoka mazoezi ya kufundisha kulalamika kwamba watoto walimwuliza maswali yaliyomtoa jasho. Maandalio ya somo yalikuwa kamili, zana zilikuwa mezani, shabaha ilikuwa imeandikwa vizuri. Kisha mtoto mmoja wa nyuma akanyosha mkono, akauliza jambo ambalo halikuwamo katika maandalio wala katika kitabu cha kiada. Wengi hukiri kwamba walijibu lolote lililowajia kinywani. Wengine walimwambia mtoto akae, kwani muda ulikuwa umekwisha.

Makala hii inakusudia kumsaidia mwanachuo katika saa hiyo ya jasho. Mifano yake imechukuliwa Mpanda na sehemu nyingine za Mkoa wa Katavi, kwa kuwa mtoto huulizia yale ayaonayo, na mwalimu ambaye hajayatazama mazingira ya shule yake hawezi kuyangojea maswali hayo akiwa tayari.

Kwa nini swali la mtoto ni kazi ya mwalimu

Mwaka 1967 Mwalimu Nyerere alipoandika Elimu ya Kujitegemea, alitaja akili ya kudadisi miongoni mwa mambo ambayo elimu yetu haina budi kuyajenga kwa kila raia. Akili hiyo haifundishwi kwa kuandika neno udadisi ubaoni. Hukua mtoto aulizapo na kuona kwamba swali lake limepokewa, na hufa aulizapo na kuchekwa. Mtoto aliyenyamazishwa mara mbili hatauliza mara ya tatu. Atakaa kimya hadi darasa la saba, na mwalimu atamsifu kwa utulivu wake.

Liko jambo la pili, nalo ni zito zaidi. Swali ambalo shule imekataa kulijibu halibaki bila jibu. Mtoto atalipeleka kwingine, na huko atapewa jibu, la kweli au la uongo. Nitaeleza jinsi nilivyojifunza jambo hili.

Swali nililolikataa

Katika mwaka wangu wa kwanza wa kazi nilifundisha darasa la nne katika shule ya kijijini, wilaya ya Mpanda. Siku hiyo somo lilikuwa juu ya moto na vitu viwakavyo. Nilikuwa nikieleza kwamba kuni mbichi hutoa moshi mwingi, ndipo mtoto mmoja wa kike akasimama na kuuliza, "Mwalimu, kwa nini macho ya bibi yangu ni mekundu?"

Darasa liliangua kicheko. Mimi, kwa kuchelea kupoteza utaratibu wa somo, nilimwambia kwamba hilo halikuwa swali la siku hiyo. Akakaa. Wakati wa mapumziko nikawasikia wenzake wakimwita mjukuu wa mchawi, na hapo nikaelewa walichokicheka.

Msomaji aliyekulia sehemu hizi hahitaji maelezo marefu. Katika mikoa ya magharibi ya nchi yetu na ile ya Kanda ya Ziwa, wako wanawake wazee waliouawa kwa kushukiwa uchawi, na macho mekundu yamewahi kuhesabiwa kuwa ushahidi dhidi yao. Mtoto yule hakuuliza swali la kupoteza muda. Aliuliza kwa sababu alimpenda bibi yake na alikuwa na hofu, akatumaini kwamba mwalimu anajua. Nami nilimrudisha kwa wale waliokuwa na jibu lao tayari.

Kesho yake asubuhi niliweka kando somo nililoliandaa. Niliwaambia watoto kwamba jana liliulizwa swali zuri nami sikulijibu, na kosa lilikuwa langu. Kisha nikauliza: Nani kati yenu amewahi kupuliza moto wa kuni mbichi? Mikono yote ilinyoka. Macho yenu yalikuwaje? Yaliwasha, wakasema, yalitoa machozi, mmoja akasema dada yake alimwambia yamekuwa mekundu. Kwa muda gani? Mpaka moshi ulipoisha. Nikawauliza: Bibi wa miaka sabini amepika jikoni kwa miaka mingapi? Walikaa kimya wakihesabu. Jiko lake lina dirisha? Wengi walitikisa vichwa.

Ndipo nikaeleza. Ndani ya kope na juu ya weupe wa jicho mna mishipa myembamba sana ya damu. Moshi una chembe ndogo na hewa zenye ukali. Vikigusa jicho, mishipa hiyo hutanuka, damu nyingi hupita, na jicho huonekana jekundu. Kwa mtu aliyekaa motoni siku chache wekundu huondoka. Kwa mtu aliyepika katika jiko lisilo na dirisha kwa miaka hamsini, unaweza kudumu. Tena yako maradhi ya macho, kama ugonjwa wa vikope, ambayo nayo huleta wekundu na yaweza kupofusha yasipotibiwa. Kwa hiyo amwonaye mzee mwenye macho mekundu ampeleke zahanati, na amsaidie kupika.

Mtoto yule hakusema neno. Ila wiki ile alikuja na swali jingine, kuhusu majivu. Nililihesabu kuwa msamaha.

Hatua za kulipokea swali

Kutokana na kosa hilo, na kutokana na kuwatazama wanachuo wakifundisha, nimeona kwamba hatua zifuatazo husaidia.

(a) Msikilize mtoto hadi mwisho. Watoto wengi huuliza kwa maneno yasiyopangika, na mwalimu mwenye haraka hujibu swali ambalo halikuulizwa.

(b) Lirudie swali kwa sauti ili darasa zima lilisikie, na usiruhusu kicheko.

(c) Mwulize mwenyewe anadhani ni kwa nini. Aghalabu mtoto aulizaye ana wazo tayari. Ukilijua wazo lake, utajua pa kuanzia.

(d) Amua swali ni la aina gani, kama itakavyoelezwa hapa chini.

(e) Jibu kwa kiasi cha umri wake, lakini usiseme uongo kwa kisingizio cha kurahisisha. Jibu fupi la kweli laweza kuongezwa baadaye. Jibu la uongo itabidi ling'olewe.

(f) Kama hujui, sema hujui, kisha sema mtafanyaje ili mjue.

Aina nne za maswali

1. Swali linaloweza kupimwa

Mathalani, mtoto auliza: Kwa nini maji ya mtungini ni baridi kuliko ya ndoo? Nimesikia wanachuo wakijibu, "Kwa sababu udongo ni baridi." Jibu hilo halielezi kitu. Udongo wa mtungi ukiwa mkavu una joto lile lile la chumba.

Swali hili lisijibiwe kwa mdomo kwanza. Tafuteni vyungu viwili vilivyofinyangwa kwa udongo mmoja, vyenye ukubwa sawa. Kimoja kiacheni wazi kwa nje. Cha pili kivalisheni mfuko wa plastiki uliobana nje pande zote. Vijazeni maji yaliyotoka chombo kimoja, mvifunike, mviweke kivulini penye upepo. Baada ya saa tatu watoto watie vidole, au wapime kwa kipimajoto kama kipo. Kile kisichovalishwa kitakuwa baridi zaidi, na kwa nje kitakuwa na unyevu.

Sasa waulizeni unyevu ule umetoka wapi. Watoto watagundua wenyewe kwamba mtungi una vitundu vidogo sana ambamo maji hupenya hadi nje. Yakifika nje hugeuka mvuke na kwenda zake na hewa. Ili maji yageuke mvuke yanahitaji joto, na joto hilo huyachukua kwenye mtungi na maji yaliyobaki ndani. Plastiki haina vitundu hivyo, ndiyo sababu maji ya ndoo hayapoi. Kila mtoto alowanishe mkono wake na kuupuliza. Ubaridi atakaousikia ni jambo hilo hilo, na ndiyo kazi ya jasho mwilini.

Jaribio hili lifanywe kiangazi, Agosti hadi Oktoba. Wakati wa masika hewa imejaa unyevu, maji hayageuki mvuke upesi, na tofauti ya vyungu viwili huwa ndogo. Jaribio likishindwa mwezi wa Januari, msilifiche. Waulizeni watoto ni kwa nini.

Mfano wa pili ni radi. Mtoto huuliza kwa nini mwanga huonekana kwanza na ngurumo hufuata. Mwanga husafiri kilomita 300,000 hivi kwa sekunde moja, hivyo hutufikia papo hapo. Sauti husafiri mita 340 hivi tu kwa sekunde. Wapelekeni watoto mahali ambapo wanaweza kumwona mtu akikata kuni ng'ambo ya bonde: wataona shoka likishuka, kisha wasikie mlio. Baada ya hapo wafundisheni kuhesabu sekunde kuanzia mwanga hadi ngurumo. Kila sekunde tatu ni karibu kilomita moja.

Hapa hesabu inaweza kuokoa maisha. Ngurumo ikisikika, hata kwa mbali, watoto waondoke uwanjani na shambani, waingie ndani ya nyumba, wakae mbali na vyuma na nyaya, wala wasijikinge chini ya mti mrefu. Wangoje kama nusu saa baada ya ngurumo ya mwisho. Tena mwalimu ajue kwamba wako watoto walioambiwa radi hutumwa na mtu mbaya. Asiwakebehi wazazi wao. Aeleze kwamba ndani ya wingu la mvua chembe za barafu na matone husuguana, umeme ukajikusanya mpaka ukaruka, na kwamba hutafuta njia rahisi ya kufika ardhini, ndiyo sababu mara nyingi hupiga kilicho kirefu au kilicho peke yake.

2. Swali la kutazama kwa muda

Ajuaye pori la Katavi anajua kwamba kabla ya mvua kunyesha, miyombo huchipua majani mapya, na mengi huwa mekundu kama shaba. Mtoto huuliza mambo mawili: mti umepata wapi maji ilhali nchi ni kavu, na kwa nini majani si ya kijani?

Swali la namna hii halimalizwi kwa kipindi kimoja. Kila kikundi kichague tawi moja karibu na shule, kilifunge uzi, na kila baada ya siku tatu kiandike rangi na ukubwa wa majani. Baada ya wiki chache wataona wekundu ukififia na ukijani ukitokea. Hapo mwalimu ataongeza lile ambalo jicho halioni. Mti hutumia maji uliyoyaweka shinani na yale ambayo mizizi yake mirefu huyafikia chini. Jani changa bado halina kiasi cha kutosha cha kile kitu cha kijani ambacho kwacho mmea hujitengenezea chakula. Wekundu hudhaniwa na wataalamu kuwa kinga ya jani laini dhidi ya jua kali. Mwalimu aseme "hudhaniwa" pale ambapo wataalamu wenyewe husema hivyo.

3. Swali la kuwauliza wajuao

Yako maswali ambayo darasa haliwezi kuyapima. Kiangazi, Mto Katuma unapokauka, viboko wa Hifadhi ya Katavi hubanana katika madimbwi ya matope yaliyosalia, na watoto waliowaona huuliza kama ni kweli kiboko hutoka jasho la damu. Hapana mwalimu mwenye akili timamu atakayewapeleka watoto kupima.

Jibu lipo vitabuni. Ngozi ya kiboko hutoa majimaji yasiyo na rangi ambayo baada ya dakika chache huwa mekundu, kisha kahawia. Si damu, wala si jasho kama letu. Mwaka 2004 watafiti wa Ujapani walieleza kwamba rangi hiyo huzuia miali mikali ya jua, na pia huzuia baadhi ya vijidudu visikue. Mnyama asiye na manyoya, aishiye majini na juani, ana haja ya vyote viwili.

Lakini wajuao si vitabu peke yake. Shuleni Karema au Ikola, mtoto akiuliza kwa nini dagaa hufuata taa, aitwe mvuvi. Atawaambia kwamba usiku wa mbalamwezi wavuvi hupumzika, kwa maana taa haishindani na mwezi. Huo ni ushahidi mzuri kuliko maneno mengi ya kitabuni. Mwalimu ataongeza kwamba vijidudu vidogo vya majini huvutwa na mwanga, na dagaa wavilao huja nyuma yao, tena samaki wenyewe huvutwa na mwanga. Vivyo hivyo mrina asali wa Inyonga anaweza kufundisha juu ya nyuki na moshi mambo ambayo mwalimu hakuyasoma chuoni. Mtoto amwonapo mzazi wake akiheshimiwa darasani, huacha kudhani kwamba maarifa ni mali ya shule peke yake.

4. Swali lisilo la sayansi

Mtoto aliyefiwa na mdogo wake anaweza kuuliza kwa nini alikufa. Mwalimu anaweza kueleza malaria ni nini, na aeleze. Lakini kama mtoto anauliza kwa nini yeye na si mwingine, hilo si swali la kipimajoto. Mwalimu amwambie kwa upole kwamba hilo watu hulitafutia faraja kwa wazazi na katika imani zao, kisha akae naye kidogo. Kujua mpaka wa somo lako ni sehemu ya kulijua somo.

Swali lililochekwa Magamba

Wako wanachuo wanaoona kwamba kukiri kutojua ni kujivunjia heshima. Kwao nina habari ya Mtanzania mmoja.

Mwaka 1963 Erasto Mpemba alikuwa kidato cha tatu katika shule ya Magamba, Lushoto. Wanafunzi walikuwa wakitengeneza aiskrimu kwa kuchemsha maziwa na sukari, kisha kuyapoza kabla ya kuyatia katika jokofu. Kwa kuogopa kukosa nafasi, Mpemba aliyatia maziwa yake yangali moto. Baadaye akakuta yake yameganda kabla ya yale ya mwenzake yaliyotiwa bila kuchemshwa. Alipomwuliza mwalimu wake wa fizikia, aliambiwa kwamba alichanganyikiwa. Alipofika Mkwawa, Iringa, aliuliza tena, na swali likageuzwa mzaha darasani.

Kisha akaja Dakta Denis Osborne wa Chuo Kikuu, Dar es Salaam, kuzungumza na wanafunzi. Mpemba akamwuliza swali lile lile mbele ya wote, na wenzake wakacheka. Osborne naye hakuwa na jibu. Lakini hakumcheka, wala hakumwambia kwamba haiwezekani; aliahidi kulijaribu, akarudi Dar es Salaam na kulijaribu. Mwaka 1969 wawili hao walichapisha makala pamoja katika jarida la elimu ya fizikia, na tangu hapo jambo lile limejulikana duniani kwa jina la Mpemba.

Ni haki kuongeza kwamba wanasayansi hadi leo wanabishana kama jambo hilo hutokea daima, au katika hali fulani tu, na kwa sababu gani. Ubishi huo haupunguzi funzo letu. Walimu wawili walijua kanuni ya kupoa kwa vitu, nao wakamnyamazisha mwanafunzi. Mwalimu wa tatu aliijua kanuni ile ile vizuri zaidi, naye akapima.

Matatizo ya darasa kubwa

Mwanachuo atauliza: Nitayafanyaje haya nikiwa na watoto themanini na kipindi cha dakika arobaini? Ni kweli kwamba mwalimu hawezi kujibu kila swali papo hapo, wala si lazima.

Weka daftari la maswali mezani. Mtoto aulizapo jambo lililo nje ya somo, liandike pamoja na jina lake, akuone ukiandika. Wale wenye haya waandike kwenye kipande cha karatasi na kukitia katika kikasha. Tenga sehemu ya mwisho ya kipindi kimoja kila wiki kwa ajili ya maswali hayo, uchague mawili au matatu. Maswali yanayofanana yaunganishwe. Mengine yagawiwe vikundi vikayatafutie majibu nyumbani. Mwisho wa muhula daftari hilo litakuonyesha watoto wako wanafikiri nini, jambo ambalo mtihani hauwezi kukuonyesha.

Onyo moja. Swali lililoandikwa lisisahaulike. Ahadi ya "tutalijibu kesho" isiyotimizwa ni sawa na kumwambia mtoto akae.

Hitimisho

Kabla ya kwenda mazoezi ya kufundisha, kila mwanachuo na azunguke kijiji cha shule atakayofundisha kwa siku moja: jikoni, kisimani, shambani, mwaloni kama pana ziwa. Aandike maswali kumi ambayo yeye mwenyewe angeyauliza kama angekuwa na umri wa miaka tisa, na mbele ya kila moja aandike ni la aina gani kati ya zile nne. Hatapata majibu yote. Lakini atakapomwona mtoto wa nyuma akinyosha mkono, hatautazama mkono ule kama adui wa maandalio yake.